Sehemu ya Wapinzani

Mzee mwenyewe ndiye aliyeuleta mswada, ameukumbatia kifuani kama mtu aliyebeba mtoto mwenye homa. Alikuwa ameshautuma kwa kompyuta tangu juma lililotangulia, lakini hakuwa na imani na kitu kisicho na uzito mkononi. Akauweka juu ya meza ya binti yake, akafuta jasho, akasema, "Haya. Nimemaliza. Sasa nichinje."

Binti akacheka. Yeye ndiye aliyekuwa mhariri mkuu wa shirika la vitabu la kanisa, na wenzake walimwita Kalamu Nyekundu kwa jinsi alivyokuwa hana huruma na sentensi ndefu. Baba yake naye alikuwa na jina lake. Alifundisha theolojia katika chuo cha wachungaji mpaka akastaafu, na wanafunzi wake wa miaka yote walimwita Mzee Tanbihi, maana hakuweza kusema jambo lolote, hata la mvua, bila kurudi nyuma kueleza nani alilisema kwanza na nani alilipinga. Nyumbani chakula kilikuwa kinapoa mezani yeye bado yumo katikati ya sala ya shukrani.

Kitabu kilihusu Ukalvini, mafundisho ambayo kanisa lao lililelewa nayo: kwamba Mungu ndiye mwenye kuchagua, kwamba neema haipatikani kwa jasho la mtu, kwamba walioteuliwa waliteuliwa kabla misingi ya dunia haijawekwa. Sehemu ya kwanza iliyaeleza mafundisho yenyewe. Ya pili ilieleza historia yake, jinsi yalivyotoka katika miji ya baridi ya wakimbizi na mawakili, yakapanda merikebu, yakashuka bandari za mbali yakiwa yameshikwa na wamisionari mkono mmoja na wenye mashamba mkono mwingine. Hapo mzee hakuficha kitu. Sehemu ya tatu ilikuwa ya wapinzani.

"Hii ya tatu ndiyo ndefu kuliko zote, baba," binti alisema akipima unene wa karatasi kwa vidole.

"Wapinzani ni wengi."

"Lakini wewe siyo mpinzani."

"Chuoni nilikuwa nawaambia vijana, unayebishana naye mvalishe kwanza nguo zake nzuri. Ukimpiga akiwa na matambara umempiga maskini, hujampiga mpinzani." Kisha akaongeza, "Isome polepole, mwanangu. Hasa sura ya mwisho."

Aliisoma, lakini aliisoma kama mhariri. Alikata, aliunganisha, alitafuta nukta zilizopotea. Wapinzani wa zamani walipita mbele yake mmoja mmoja: waliosema kwamba neema ikitolewa mtu anaweza kuikataa, waliouliza, kama kila kitu kimeamuliwa, dhambi ni ya nani, waliosema Mungu wa namna hiyo ni mfalme tu, siyo baba. Katika sura ya mwisho palikuwa na mwanamke asiye na jina aliyemwuliza mchungaji mahali alipo mwanawe aliyekufa. Mchungaji akamjibu kwamba jambo hilo limefichwa katika shauri la Mungu. Mzee aliandika kwamba jibu lile halikuwa la uongo, lakini aliyelitoa alikuwa na jibu jingine katika mafundisho yale yale, maana wazee wa imani hii wenyewe walionya kwamba tusimhesabu mtu yeyote kuwa ametupwa, bali tumtumainie mema kila mmoja. "Mchungaji yule," aliandika, "aliliona jibu hilo akaliacha, kwa sababu lilifanana mno na huruma."

Kalamu Nyekundu aliipenda sentensi hiyo. Akaweka alama ndogo ya vema pembeni, akageuza ukurasa.

Alikuwa na kaka, huyu mhariri, kifungua mimba wa wazazi wake. Mtaani walimwita Mawimbi kwa sababu alikuwa fundi wa redio na antena, na hakuna kisanduku kilichokuwa bubu ambacho yeye hakukisemesha. Kanisani aliacha kwenda akiwa bado kijana. Baba yake alipomwuliza, alijibu huku akipuliza vumbi kwenye waya, "Baba, si unasema majina yameshaandikwa? Sasa mimi kwenda kukalia benchi kutaongeza herufi?" Mama yao aliangua kicheko, kisha akajiziba mdomo kwa kanga. Mzee hakucheka. Wakabishana mpaka majirani wakafunga madirisha, na tangu siku hiyo baba na mwana walisalimiana tu.

Mawimbi alikufa kwa kuanguka kutoka juu ya paa la watu, akifunga antena. Baba yake alisisitiza kuendesha ibada ya mazishi mwenyewe, na akaiendesha bila kutetereka. Alisema Mungu anawajua walio wake. Aliishia hapo. Jioni ile, wageni walipokuwa wanakunja viti, mama alimwuliza mumewe, tena mbele ya binti, "Mwanangu yuko wapi?"

Mzee akasema, "Hilo limo katika shauri la siri la Mungu, mama watoto."

Mama aliinuka akaenda kuosha vikombe. Alikuwa mkunga, maisha yake yote alikuwa amepokea watoto wa watu kwa mikono yake, na hakuzoea kuulizia mtoto akaambiwa haijulikani. Hakuuliza tena. Aliendelea kupika, kucheka, kumfungia mzee vifungo vya shati vidole vyake vilipoanza kutetemeka. Ila siku za meza ya Bwana alibaki kitini wengine wakienda mbele. Watu walidhani ni magoti.

Haya yote binti aliyajua. Aliyajua kama mtu anavyojua ngazi za nyumba yao, anazipanda bila kuzitazama.

Bodi ya shirika ilikaa kuujadili mswada siku ya jua kali, feni ikizunguka na kunung'unika. Katibu wa kanisa ndiye aliyeongoza kikao. Alikuwa mwanafunzi wa mzee zamani, mtu mpole, mwenye kupenda amani kuliko kitu kingine chochote. "Sehemu mbili za kwanza ni dhahabu," alisema. "Hii ya tatu, ndugu zangu, inanipa kazi. Muumini wa kawaida akiisoma atasema mwalimu wetu amehama. Wapinzani wamepewa maneno matamu, na majibu yao ni mafupi. Kuna mahali hawajajibiwa kabisa." Akamgeukia mhariri. "Dada, wewe unamfahamu mzee kuliko sisi. Unasemaje?"

Alikuwa na mengi ya kusema. Lakini moyo wa baba yake ulikuwa umeanza kumsumbua, daktari alishamkataza kupanda ngazi, na yeye alikuwa amejiapiza kwamba mzee atakishika kitabu chake akiwa hai. Kubishana na bodi kungemaanisha kikao kingine, na kamati ya mafundisho, na barua za kwenda na kurudi. Alitazama mezani, akasema, "Naona tunaweza kutoa hizo mbili kwanza. Ya tatu itafuata kama juzuu la pili."

"Busara," akasema katibu, na wakaingia kwenye suala la bei ya karatasi.

Kumwambia baba yake ndiko kulikomtoa jasho. Alimkuta chumbani mwake katikati ya vitabu, amevaa soksi za sufu ijapokuwa kulikuwa na joto. Akamweleza haraka haraka, kama mtu anayebandua plasta. Mzee alisikiliza mpaka mwisho bila kumkatisha, jambo ambalo halikuwa desturi yake.

"Yote? Sehemu nzima?"

"Kwa sasa tu, baba. Mwakani tutaitoa peke yake."

Mzee akainamisha kichwa, akawa anapangusa jalada la kitabu kilichokuwa magotini ingawa halikuwa na vumbi. "Wewe ndiye mhariri," akasema.

Binti akashusha pumzi. Alilichukua neno hilo kama ruhusa, akambusu kwenye paji la uso, akaondoka kwenda kuwahi prufu, zile kurasa za kusahihishwa mara ya mwisho.

Kitabu kilitoka kizuri, jalada gumu la rangi ya zabibu, jina la mzee kwa herufi za dhahabu. Kilizinduliwa katika ukumbi wa kanisa. Kwaya iliimba, katibu alimwaga sifa mpaka kipaza sauti kikapiga mluzi, na mzee alisimama akashukuru kwa sentensi moja, watu wakatazamana kwa mshangao. Nakala ya kwanza alipewa mama. Aliipokea kwa mikono miwili, kama alivyopokea vitu vyote.

Wakati huo alikuwa ameshaanza kuugua. Figo. Alipolazwa hospitali alikwenda na kitabu, na manesi, ambao baadhi yao aliwafundisha kazi yeye mwenyewe, walimtania. "Mama, hiki si kitabu, ni tofali. Utatuangushia mguuni."

"Ni cha mume wangu," alijibu. "Nimeishi naye nikimsikia nusu nusu, nataka nimsikie mpaka mwisho."

Akawa anakisoma kila alipopata nguvu, miwani puani, kidole kikitembea chini ya mistari. Maneno magumu aliyaruka. Safari za wakimbizi alizipenda. Alimwambia binti yake kwamba watu wale walikuwa na roho ngumu lakini walijua kutunzana. Kila binti alipokwenda kumwona, alama ya kitambaa ilikuwa imesogea mbele zaidi.

Mchana mmoja alimkuta amekaa kitako kitandani, kitabu kimefunuliwa mapajani kwenye faharasa, pale ambapo hakuna tena cha kusoma ila maneno yamepangwa kwa alfabeti. Binti alikuwa na haraka. Gari la mtambo wa kuchapa lilikuwa linamsubiri nje, na dereva alikuwa ameshapiga honi.

"Kimeishia hapa?" mama aliuliza.

Angeweza kukaa. Angeweza kusema, hapana mama, kuna sehemu nyingine, ngoja nikueleze ilivyokuwa. Lakini kueleza kulikuwa na bodi ndani yake, na katibu, na yeye mwenyewe akitazama mezani. Honi ikalia tena.

"Ndiyo, mama. Kimeishia hapo."

Mama alikifunga taratibu, akavua miwani, akampa aiweke kwenye mkebe wake. "Basi," akasema. "Nilidhani angefika mbali kidogo." Kisha akamshika mkono. "Wahi, mwanangu, watu wanakungoja."

Juma hilo hilo alifariki, asubuhi, nesi akiwa anambadilishia shuka.

Ulipita muda kabla ya baba na binti kuzungumza lolote zaidi ya yale ya lazima. Binti alihamia nyumbani ili mzee asibaki peke yake. Walikuwa wanakunywa chai jikoni, redio ikisoma taarifa ya habari, ndipo mzee akanyoosha mkono akaizima.

"Kile kitabu," alisema. "Mama yako alikisoma mpaka wapi?"

"Alikimaliza, baba."

"Akasema nini?"

Binti alishika kikombe kwa mikono yote miwili. Angeweza kumwambia kwamba alikisifu. Akamwambia ukweli, neno kwa neno, pamoja na honi na jibu alilompa.

Mzee hakupandisha sauti. Alikaa ameshika tama, akitazama kitambaa cha meza, mpaka binti akadhani moyo wake umemletea shida. "Baba?"

"Yule mwanamke wa sura ya mwisho," mzee akasema, "ulidhani ni nani?"

"Nilidhani ni mtu wa vitabuni. Wa historia."

"Na yule mchungaji?"

Binti aliweka kikombe chini. Hapo ndipo alipoiona sentensi ile ile aliyoiwekea alama ya vema, na watu waliokuwa nyuma yake: baba yake, na mama yake amesimama kando ya sinki la jikoni humu humu akiosha vikombe.

"Mbona hukumwambia kwa mdomo?" aliuliza, na sauti yake ilikuwa kali kuliko alivyokusudia. "Miaka yote hiyo, nyumba moja, kitanda kimoja!"

"Nilijaribu. Kila nikianza najikuta nahubiri. Namweleza aliyesema hili na aliyesema lile, naye ananisikiliza kwa heshima, namwona macho yake yanakwenda mbali." Mzee alijifuta uso kwa kiganja. "Kuandika naweza. Nikaona, nitaandika, atasoma kwa wakati wake, na akifika hapo atajua ni yeye, na ni mimi, na kwamba naomba radhi. Nilipokuwa bado naandika nilimwambia tu, nisome mpaka mwisho. Hilo peke yake niliweza kumwambia."

"Ungeniambia mimi, basi. Siku ile nilipokuja chumbani."

"Ungefanya nini?"

"Ningepigana!"

"Nilidhani umeshapigana," mzee akasema, "ukashindwa. Sikutaka kukuongezea uchungu."

Kesho yake asubuhi binti alikwenda ofisini kwa katibu bila miadi. Alikuwa amejiandaa njia nzima. Alikuwa na hoja za historia, za mafundisho, na kama zote zingegonga mwamba, alikuwa na barua ya kujiuzulu ndani ya mkoba. Alisema anataka sehemu ya tatu ichapishwe, yote, bila kukatwa, mwaka huu. Katibu alimsikiliza huku akizungusha kalamu.

"Sawa," akasema.

"Sawa nini?"

"Ichapishwe. Tutaweka dibaji fupi mbele, niseme mimi mwenyewe kwamba kanisa lisiloweza kuwasikiliza wapinzani wake halijiamini. Kamati haitanipinga."

Binti alibaki amekaa na hoja zake zote mdomoni. "Na siku ile je?"

Katibu alimtazama kwa mshangao wa kweli. "Siku ile mimi nilikuwa na wasiwasi, nikakuuliza wewe. Wewe ndiye uliyesema tutoe mbili kwanza. Nikasema moyoni, kama binti yake mwenyewe anaona hivyo, mimi ni nani?" Akashusha sauti. "Kumbe ulikuwa unaitaka kiasi hiki, dada? Mbona hukusema?"

Alitoka nje akasimama kwenye kivuli cha ukuta, karibu na baiskeli za walinzi, na hapo ndipo alipolia kwa mara ya kwanza tangu msiba. Alikuwa amejitayarisha kuukuta mlango wa chuma, na ulikuwa pazia tu. Lingesogezwa kwa neno moja, katika kikao kile cha feni, na mama yake angekuwa bado ana macho ya kusomea.

Juzuu la pili lilitoka kabla mwaka haujaisha, jembamba kuliko la kwanza, la jalada laini. Mzee alikataa uzinduzi. Macho yake yalikuwa yamefifia, kwa hiyo binti alimsomea sura ya mwisho kwa sauti, wakiwa wamekaa barazani mchana. Alipofika kwenye mwanamke na swali lake alilazimika kusimama, na mzee akamngoja. Alipomaliza, mzee akasema, "Umeisoma vizuri," na kuhusu kitabu hakusema zaidi.

Vitabu vya theolojia haviuzwi kama maandazi, lakini hiki kiliuzwa kwa namna yake. Wachungaji walikinunua ili wakikemee. Wanafunzi walikinunua kwa sababu wachungaji walikikemea. Na walikuja watu wengine ambao Kalamu Nyekundu hakuwatarajia, watu wasiojua Ukalvini ni kitu gani, walioazimwa nakala na jirani ikiwa imekunjwa kona kwenye ukurasa fulani. Mmoja wao alikuwa fundi cherehani wa makamo, bado ana tepu shingoni. Alifika kwenye kaunta ya shirika akauliza kama mwandishi anaonekana.

"Ni mgonjwa kidogo," binti akamwambia. "Una shida gani, dada yangu?"

"Mume wangu alijiua," mwanamke akasema. "Nataka nimwulize kitu."

Binti alisita, kisha akampigia baba yake simu. Mzee alisema tu, "Mlete."

Walikaa sebuleni, mzee kwenye kiti chake, mgeni kwenye kochi, mikoba miwili miguuni. Binti aliingia jikoni kutengeneza chai. Akafungua bomba, akalifunga tena, kwa sababu maji yalikuwa yanamzuia kusikia. Mgeni alieleza habari zake kwa muda mrefu, kwa sauti ya chini, kisha akauliza swali lake. Lilikuwa lile lile, limebadilishwa mtu tu.

Kukawa kimya. Binti alikijua kimya hicho. Ndipo baba yake alipozoea kuvuta pumzi na kuanzia karne za mbali. Akasubiri, birika mkononi.

"Sijui, mwanangu," mzee akasema. "Kujua hatukupewa. Lakini mimi namtumainia mema. Na wewe umtumainie mema, hukukatazwa. Hakuna aliyekukataza."

Mgeni akaanza kulia, kilio cha mtu anayetua mzigo, na mzee hakuongeza kitu.

Jikoni, binti aliweka birika juu ya meza. Maneno yale yalikuwa machache kiasi kwamba mtu angeweza kuyasema akiwa mlangoni, viatu mguuni, gari likipiga honi nje. Alisimama hapo mpaka aliposikia mgeni anapenga kamasi na kuuliza, kwa sauti iliyojaribu kuchangamka, kama kuna mtu anayehitaji kupunguziwa suruali, maana ile aliyovaa mzee imemzidi. Ndipo akatafuta vikombe vitatu, akaenda nao sebuleni.